Mrusi wa Ghorofa ya Juu

Wiki iliyopita nilikwenda kuangalia mazoezi ya taarabu, maana harusi ya mtoto wa binamu yangu imekaribia, na mpiga fidla mmoja akatoa mfukoni donge la utomvu mkavu, rangi ya asali iliyoungua, akaanza kulisugua kwenye upinde wa fidla yake. Vumbi jeupe likaruka. Harufu ikanifikia pale nilipokaa, kali kidogo, kama ubani uliochanganywa na maganda ya mti, na mwili ukanisisimka kabla akili haijajua kwa nini. Nikajikuta nimeshika kifundo cha mguu wangu wa kushoto, kama mtu anayeogopa kuporwa.

Harufu ile naijua. Niliinusa utotoni kwenye ngazi za nyumba yetu Mchafukoge, na kwa muda mrefu niliamini kuwa ni harufu ya damu ya watoto.

Tulikaa kwenye jengo la zamani lenye kuta nene na roshani za mbao zilizoliwa na mchwa, na katikati palikuwa na ua wa saruji wenye bomba moja la maji, lililotoa maji siku likitaka. Chini alikaa Bwana Sudi, mfanyabiashara, aliyeleta redio na marobota ya nguo kutoka Dubai akayauza Kariakoo. Ghorofa ya kati tulikaa sisi, yaani baba, mama, Bibi yangu Bi Tatu na mimi, na mlango ulioelekeana na wetu ulikuwa wa kina rafiki yangu Hansa, ambao baba yao aliuza vitambaa vya sari. Juu kabisa, peke yake, alikaa Mrusi.

Jina lake la heshima lilikuwa Mama Mavura, kwa sababu alikuwa mjane wa Injinia Mavura, aliyekwenda kusoma Urusi na kurudi na mke. Injinia alifariki nikiwa bado nanyonya. Watu walitegemea mwanamke afunge mizigo arudi kwao, na alipobaki, hapo ndipo maswali yalipoanza. Kabaki anafanya nini? Hana mtoto, hana duka, hana kanisa anakokwenda. Alifundisha lugha yao kwenye ofisi moja mjini, asubuhi tu, na mchana wote alijifungia ndani.

Ilikuwa miaka ile ya ruksa, biashara zilipofunguliwa. Walio rika langu mnaikumbuka. Sukari ilikuwa imerudi madukani, sabuni za kunukia zimepangwa vibarazani, na mtaani kila siku kulizuka kitu kipya ambacho jana hakikuwapo. Ungedhani watu wangefurahi tu. Lakini watu wazima walikuwa wametoka kwenye kipindi ambacho madebe mawili ya mafuta ya kupikia uvunguni yalitosha kukupeleka ndani kwa ulanguzi, na aliyekuchongea alikuwa jirani mnayeazimana naye kinu. Tabia hiyo haikuondoka na foleni za madukani. Aliyenunua televisheni alipongezwa, kisha mlango ukifungwa watu wakaulizana kaitoa wapi. Bibi yangu aliweza kumwangalia mtu akipanda ngazi na mfuko wa karatasi akakwambia ndani mna nini, na kama hakujua, alisema, "Huyo ana lake."

Mrusi alikuwa na lake kuliko wote. Kwanza, mwendo. Alitembea amenyoosha shingo, vidole vya miguu vimeelekea nje, kulia kulia, kushoto kushoto, kama bata mwenye heshima zake. Pili, Kiswahili chake. Sisi tulisema "tunaenda," yeye alisema "tunakwenda." Ukimwamkia "Shikamoo," alijibu "Marahaba, mwanangu, hujambo?" kwa sauti ya mtangazaji wa redio, bila kumeza hata herufi moja. Bwana Sudi alikuwa na maelezo yake. "Mtu haongei lugha ya watu vizuri hivyo bila sababu," aliwaambia wanaume barazani. "Huyo kafundishwa. Jasusi huyo. Nchi yao inabomoka, wamemsahau hapa na redio yake."

Halafu zile kelele. Kila siku baada ya sala ya alasiri darini kwetu kulisikika muziki wa kinanda, mdogo, kama unatoka ndani ya kopo, na juu ya muziki vishindo. Du. Kimya. Du, du. Kimya kirefu. Mama alikuwa akiinua macho kutoka kwenye mchele anaochagua na kusema, "Haya, ameanza." Na harufu ikateremka ngazini.

Bibi ndiye aliyenipa jina la ile harufu, bila kukusudia. Alikuwa akitusimulia mimi na Hansa habari za mumiani, watu wanaokamata watoto na kunyonya damu yao, wakaigandisha mpaka ikawa donge kama utomvu, la rangi ya kahawia, likapelekwa Ulaya kuwa dawa. "Ukilichoma," Bibi alisema, "linanuka kama ubani, lakini si ubani." Mimi na Hansa tukatazamana.

Tangu siku hiyo tukawa tunampeleleza. Tulikaa kwenye ngazi tukijifanya tunacheza mdako. Siku moja tukaona ametundika viatu kwenye kamba ya roshani yake, viatu vidogo vya kitambaa laini cha rangi ya waridi, vyenye utepe, vya mtoto kabisa kwa macho yetu, na kimoja kilikuwa na doa la damu pale kwenye ncha. Hansa aliniminya mkono mpaka kucha zikaingia.

"Vya nani?" alininong'oneza.

"Vya aliyekamatwa."

"Kwa nini kavifua?"

"Ili avae mwingine."

Nilikuwa darasa la nne na nilikuwa na uhakika ambao sijawahi kuupata tena.

Alasiri moja tukaamua kuchungulia kwenye tundu la ufunguo. Hansa alinisukuma mbele kwa sababu mimi ndiye mwenye macho mazuri. Niliinama, nikaona weusi mtupu, tundu limezibwa kwa ndani. Bado nashangaa limezibwa na nini, mlango ukafunguka. Hansa hakupiga kelele, alipotea tu. Mimi nilirudi kinyumenyume, nikakosa ngazi, nikasikia kifundo changu cha kushoto kikilia kama muwa unaovunjwa.

Nilipofumbua macho nilikuwa nimebebwa. Mwanamke mwembamba vile, wa umri wa kuwa na wajukuu, alikuwa amenibeba kama mto. Akanilaza kwenye mkeka, akafunga mlango, ufunguo ukazunguka mara kadhaa. Kisha akafanya jambo lililonimaliza nguvu kabisa. Akaenda kwenye karai la pembeni, akafungua bomba la pipa alilojaza maji kwa ndoo, akayaacha maji yaporomoke bila ya kuosha chochote, akarudi, akainama sikioni kwangu.

"Nani amekutuma?"

Nikautazama mlango uliofungwa.

"Nani amekutuma kuja kusikiliza mlangoni kwangu? Sema kweli, sitakudhuru."

"Hansa," nikasema.

"Hansa ni nani? Anafanya kazi wapi?"

"Yupo darasa la nne."

Alinitazama kwa muda. Nilikuja kufahamu miaka mingi baadaye kwamba mwanamke yule alikuwa ananiogopa mimi kama mimi nilivyokuwa namwogopa yeye, na kwamba yale maji yalikuwa ya kuzuia sauti zetu zisisikike ng'ambo ya ukuta. Siku hiyo niliona tu kwamba anaandaa mahali pa kuoshea kisu.

Chumba hakikuwa na viti. Sakafu tupu, kioo kikubwa kilichopasuka pembeni, fito ndefu ya mbao iliyopigiliwa ukutani kimo cha kiuno. Karibu na kioo palikuwa na kisanduku cha bati, na ndani ya kisanduku, nikayaona kwa macho yangu, madonge ya kahawia yaliyopondwapondwa. Ukutani juu ya kitanda palibandikwa picha ya mwanamke aliyevaa nyeupe, amesimama kwa ncha ya kidole kimoja cha mguu, na picha yenyewe ilikuwa imekatwa kwa wembe kufuata mwili wake, kichwa, mikono, mguu ule ulioinuliwa. Nikajua pia kwamba huwa anakata watu kwenye picha kabla ya kuwakamata.

Akaleta barafu imefungwa kwenye kitambaa. Akakishika kifundo changu kwa vidole vyake vyote, akakizungusha taratibu sana, akabonyeza hapa, akabonyeza pale, akaniuliza "Hapa? Na hapa?" Halafu akauinua mguu mzima, akautazama unyayo, akatabasamu kwa mara ya kwanza.

"Mguu mzuri," akasema. "Una mkunjo mzuri sana."

Ndivyo mama anavyosema buchani, nikafikiri, na nikapiga ukelele uliosikika mpaka mtaa wa pili.

Mama alikuja juu na upawa mkononi. Nyuma yake Bibi, nyuma ya Bibi baba yake Hansa, na Bwana Sudi, ambaye sijui alipata wapi mbio zile. Mrusi alifungua mlango, akasimama wima pembeni ya ukuta kama mtu anayengoja kupigwa picha. Mama alinichukua. Bibi hakunichukua wala kuniangalia. Aliinama kwenye kisanduku, akachukua donge, akalinusa, akalidondosha kama kaa la moto.

"Mumiani," akasema kwa sauti ndogo. Sauti ile ndogo ndiyo iliyowatisha watu.

Usiku haujaingia mtaa mzima ulikuwa umeshajua. Bwana Sudi alizunguka mlango hadi mlango. Ajabu yake, hakuzungumzia damu, alizungumzia nyumba. Aliwauliza watu kama ni sawa chumba kikubwa vile kikaliwe na mtu mmoja asiyejulikana, wakati raia wanabanana. Baba yangu, mtu wa maneno machache, alimsikiliza kisha akamwambia mama, "Sudi hana pa kuweka marobota yake." Lakini hata baba hakutaka nipande tena ngazi zile.

Mjumbe wetu wa nyumba kumi, Mzee Kondo, aliitisha kikao uani siku iliyofuata, alasiri. Watu walileta vigoda na mikeka. Mimi niliwekwa kwenye kiti, mguu wangu uliofungwa bendeji ukiwa juu ya ndoo, kielelezo cha shitaka. Mrusi akateremka peke yake. Alikuwa amevaa gauni jeusi na kufunga nywele nyuma kwa nguvu, na mkononi ameshika kile kisanduku.

Bwana Sudi alisema kwa kirefu. Aliposema "mtoto wetu" alininyooshea mimi mkono, mtu ambaye hakuwahi kunijibu salamu. Mzee Kondo akamgeukia Mrusi.

"Mama Mavura, umesikia. Tuanze na hiki kitu. Ni nini?"

"Ni utomvu wa mti, Mzee. Wapiga fidla hupaka, na sisi hupaka viatuni ili tusiteleze."

"Ninyi nani?"

Mrusi akafungua kisanduku. Akatoa donge, akaliweka sakafuni, akalikanyaga mpaka likawa unga, akamwomba Mzee Kondo asogee akanyage. Mzee akasogea kwa mashaka, akakanyaga na kandambili zake, akajaribu kuinua mguu. Kandambili ikabaki chini, mguu ukaja peke yake. Watoto tukacheka, na wakubwa wengine wakaziba midomo. Bibi hakucheka.

"Damu nayo inanata," Bibi akasema.

Hapo Mrusi akamtazama Bibi, Bibi tu, na akaanza kusema. Aliongea taratibu, kwa kile Kiswahili chake kilichonyooka.

"Kikao kama hiki nimeshakaa," alisema. "Kwetu. Ukumbi ulikuwa mzuri kuliko hapa, lakini maswali ni yaleyale. Wewe ni nani, umetumwa na nani, kwa nini unapenda watu wasio wa kwenu. Wakati ule nilinyamaza. Leo nitasema, kisha mtaamua mnavyotaka.

"Nilichukuliwa kwa mama yangu nikiwa mdogo kuliko huyu mtoto, nikapelekwa shule ya dansi. Inaitwa bale. Tunacheza kwa kusimama kwenye ncha za vidole. Walituangalia miguu kwanza, kama watu wanavyoangalia ng'ombe. Mguu wangu ulikuwa na mkunjo kama wa huyu mtoto, ndiyo maana nilimwambia vile. Nilicheza mpaka damu ikatoka viatuni, kila siku, miaka na miaka. Nikawa mkubwa. Si kimo, jina. Jina langu liliandikwa kwenye mabango barabarani. Watu walipanga foleni kwenye baridi, usiku kucha, wanione. Nilicheza mbele ya marais. Nilitupiwa maua mengi mpaka nikawa nayachukia.

"Siku moja walileta wanafunzi kutoka Afrika kuangalia. Mmoja alisinzia. Baada ya onyesho nikaenda kumuuliza kwa nini amesinzia mimi nikicheza. Akasema amekesha na mtihani wa hesabu, na anaomba radhi, na je, naweza kumwonyesha tena ile sehemu ya mwisho. Huyo ndiye Mavura."

Mama Hansa akacheka kidogo, akajizuia.

"Tulipotaka kuoana nikaitwa kikaoni. Wenzangu niliokua nao, tuliolala chumba kimoja, walisimama mmoja mmoja wakasema siku zote walinitilia shaka. Nikanyamaza. Walifikiri nikiogopa nitamwacha. Wakaniacha niolewe, lakini wakanitoa jukwaani. Wakabandua mabango. Kwenye kitabu cha jumba letu la dansi wakanikata kwa wembe, wakabaki wenzangu wamezunguka tundu. Mfagizi mmoja alikiokota kile kipande akaniletea. Ndicho kipo ukutani kwangu. Basi. Sina redio ya kuzungumza na mtu. Nina kaseti ya kinanda. Na alasiri nacheza, kwa sababu nisipocheza sijui nifanye nini na mwili huu."

Bwana Sudi akakohoa. "Maneno mazuri," alisema. "Mtu maarufu, marais, maua. Halafu yuko Mchafukoge anabeba ndoo kama sisi? Kama kweli, acheze basi. Acheze hapa tuone."

"Sichezi," Mrusi alisema.

"Mnaona!"

"Sichezi kwa amri ya kikao. Kwetu pia waliniambia hivyo, cheza tuone kama bado wewe ni wetu. Nifukuzeni, lakini sichezi."

Mzee Kondo akafuta uso. Watu wakaanza kunong'ona, na minong'ono haikuwa upande wake. Mama alinivuta karibu naye. Ndipo Bibi alipoinuka kwenye mkeka, akashika kiuno, akamwendea.

"Vua viatu," akamwambia.

Mrusi akasita.

"Sikukwambia ucheze. Nimekwambia uvue viatu."

Akakaa kwenye ngazi ya mwisho, akavua. Sote tukanyoosha shingo. Sijaona miguu kama ile kabla wala baada. Vidole vilikuwa vimepandana kama watu waliobanwa mlangoni. Kucha nyingine hazikuwapo. Vifundo vimevimba na kuwa vigumu kama tangawizi, na kwenye ngozi palikuwa na makovu mapya juu ya makovu ya zamani. Damu ya kwenye kiatu ilikuwa ya kwake.

Lazima niwaambie kitu kuhusu Bibi, ambacho wakati ule nilikuwa nikikisikia kama hadithi. Kabla hajazaa alikuwa mchezaji wa lelemama, ngoma ya wanawake, tena wa mbele, katika chama cha akina mama wa Ilala kilichoshindana na vyama vingine kwa mavazi na nyimbo mpaka ndugu wakaacha kusalimiana. Babu alipomuoa alimkataza. Hakuwahi kulalamika mbele yetu.

Bibi akachuchumaa. Akashika mguu mmoja wa Mrusi, akapitisha kidole gumba kwenye yale mafundo, moja baada ya jingine.

"Na bado unacheza na miguu hii?" aliuliza.

"Kila siku."

"Nani anakutazama?"

"Hakuna."

Bibi akauachia ule mguu. Kisha akainuka, akawageukia watu. "Mzee Kondo, funga kikao. Huyu si mumiani. Huyu ni mchezaji." Na Bwana Sudi alipofungua mdomo, Bibi alimwahi. "Na wewe, marobota yako tafutia kwengine."

Kikao kikaisha hivyo, bila azimio. Jioni mama alimuuliza Bibi kama kweli anamwamini yule mwanamke. "Nani kasema namwamini?" Bibi alijibu. "Nimesema ni mchezaji. Mengine nitayachunguza mwenyewe."

Akaanza kuyachunguza. Kila alasiri alijifunga kanga akapanda ghorofani, na mimi, kifundo kilipopona, nikamfuata. Wale wanawake wawili walichunguzana kwa miezi. Mrusi alipomkaribisha Bibi chai, Bibi alingoja mwenyewe anywe kwanza. Bibi alipoleta vitumbua, Mrusi alikimega kimoja akaangalia ndani. Waliulizana maswali ya mitego. Lakini kaseti ilipowekwa, Mrusi alishika ile fito, akainua mguu mpaka kichwani, uso wake ukaondoka pale Mchafukoge, na Bibi akawa anatazama bila kupepesa. Siku moja Bibi naye akazima kaseti, akasimama, akamwonyesha mwendo wa lelemama, mabega yakisema na shingo ikijibu, mikono ikifungua na kufunga, miguu haionekani kabisa inafanya nini. Mrusi akajaribu kuiga akashindwa. Mwili uliochezea marais haukuweza kutulia. Bibi alicheka mpaka akakaa chini. Sikuwa nimemsikia akicheka vile.

Nchi yao ikavunjika kweli, tukaisikia kwenye taarifa ya habari, na siku moja mgeni akapanda ngazi. Kijana wa Kizungu, shati limelowa jasho, ameshika maua yaliyonyauka kwa joto. Alitoka ubalozini kwao. Mtaa mzima ulitoka roshanini. Bwana Sudi alisema, "Si niliwaambia?"

Mrusi hakufungua mlango. Tulikuwa ndani, mimi na Bibi, tukamwona akifungua bomba la maji. Kijana akaongea huko nje kwa lugha yao, akataja jina refu ambalo sisi hatukuwahi kulisikia. Vera Andreyevna. Akalirudia. Mrusi akakaa sakafuni.

"Anasemaje?" Bibi aliuliza.

"Anasema nyanya yake alipanga foleni kwenye theluji kuniona. Anasema wanaalika waliotolewa. Wanataka nirudi jumbani, watu wanione, wanipe heshima." Akacheka bila furaha. "Ni mtego, Bi Tatu. Nikifika uwanja wa ndege watanichukua."

"Na usipokwenda?"

"Nitabaki."

"Utabaki unamfikiria yule kijana mlangoni mpaka ufe," Bibi alisema. "Nenda. Wakikukamata nitakuja mwenyewe."

Bibi yangu alikuwa hajawahi kuvuka Chalinze. Alilisema hilo kwa uso mkavu, na Mrusi alimtazama kama mtu anayepima kitambaa kizito. Kisha akafunga bomba, akaenda kufungua mlango. Kijana alipomwona alianza kulia pale pale ngazini, maua mkononi, na hakuna kati yetu aliyejua atazame wapi.

Akaondoka. Mtaani waliwekeana dau kama atarudi. Wengi walisema harudi, nani aache Ulaya na heshima zake aje kugombania bomba. Bwana Sudi alipandisha robota la kwanza ngazini, akamkuta Bibi ametandika mkeka wake ndani ya mlango wa Mrusi, ana birika, ana tasbihi, ana blanketi. "Chumba kina mtu," Bibi alimwambia. Akalala huko muda wote, na kila nikimpelekea chakula alikuwa na swali jipya. Je, wamempokea? Je, wamemweka ndani? Je, yule kijana alikuwa na macho ya mkweli? Alikuwa ameanza kukonda.

Mvua za vuli zilipoanza, teksi ikasimama mbele ya nyumba. Hansa ndiye aliyemwona kwanza, akapiga kelele. Mrusi akashuka na begi lake dogo lilelile, nywele zimelowa, akamwamkia Mzee Kondo kwa adabu, akapanda. Hakupita kwetu. Bibi alikuwa ameshasimama juu ya ngazi, amejishika kiunoni, na Mrusi alipomfikia, Bibi alimgeuza huku na huku kama anayetafuta majeraha.

Jioni hiyo alikula kwetu. Mama alipika wali wa nazi na changu. Tulimzunguka, na mama ndiye aliyeshindwa kuvumilia.

"Haya, tuambie. Walikupokeaje?"

"Vizuri," Mrusi alisema. "Walinipandisha jukwaani. Watu wote walisimama wakapiga makofi, muda mrefu, mpaka mikono yangu ikachoka kuinuka. Picha yangu wameirudisha ukutani. Wale waliosema kikaoni walikuja kunibusu, wawili waliobaki hai."

"Sasa kwa nini umerudi?"

Akachezea wali kwa vidole. Mama akadhani amemkosea.

"Baada ya makofi walinipeleka hotelini," alisema mwisho. "Chumba kizuri. Nikakaa kitandani na maua yangu. Nikangoja mtu aje aniulize kama nimekula. Siku zote nilizokaa, hakuna aliyeniuliza."

Mvua ilikuwa ikipiga kwenye mabati ya roshani. Bibi akavuta sahani ya samaki, akachagua kipande kisicho na miiba, akamwekea mbele yake.

"Kula, mwenzangu," akamwambia. "Wali unapoa."